Mume wangu amemvua paka jina, sasa anataka kumvua binti yetu mchumba

Mpendwa mshauri,

Naomba msaada wako, lakini kwanza, kwa heshima na taadhima na kwa niaba ya nyumba nzima, naomba nitangaze kwamba paka wetu hana jina tena. Alivuliwa Jumapili iliyopita baada ya chakula cha mchana, mbele ya mashahidi, nao ni mimi, binti yangu na paka mwenyewe. Miaka yote aliitwa Sultani. Mume wangu aliweka kijiko chini, akajifuta mdomo, akasema kwamba neno sultani asili yake ni mamlaka, na paka anayepishana na panya jikoni kama majirani wanaosalimiana hawezi kuendelea kubeba mamlaka hayo. Tangu siku hiyo anaitwa paka. Mwenyewe hakukata rufaa, aliendelea kulamba mguu.

Usicheke mshauri, au cheka halafu uendelee kusoma, kwa sababu la paka ni dogo, la binti yangu ndilo lililonifanya nichukue kalamu, na nikikaa nalo siku moja zaidi nitapasuka.

Mume wangu ni kinyozi. Ana chumba kimoja cha biashara kando ya barabara, kina viti viwili, kioo kirefu chenye ufa pembeni, na redio ambayo haizimwi. Kiti cha kwanza ni chake, cha pili ni cha binti yetu, ambaye ananyoa watoto kwa sababu ana subira na kwa sababu watoto hawamlilii. Ni kinyozi mzuri, hilo simnyimi, mkono wake ni mwepesi na wembe wake ni safi, na akina baba wa mtaa mzima walikuwa wakija kwake hata kama hawana nywele za kunyoa, wanakuja kukaa tu na kumsikiliza. Nasema walikuwa, mshauri, litie mstari hilo neno.

Sasa kuna huyu kijana. Ni fundi friji, sisi wote tunamwita Fundi. Alikuja kwetu mara ya kwanza kutengeneza friji iliyokuwa ikivuja maji chini na kugeuza maziwa kuwa kitu kingine, akaitengeneza, akaja mara ya pili kuangalia kama imekaa sawa, akaja mara ya tatu kuangalia kama ile mara ya pili aliangalia vizuri, na hapo hata mimi niliyesoma kidogo nikaelewa kwamba si friji. Nikamwuliza binti yangu, akacheka akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi. Basi yakaenda yakaenda mpaka wakubwa wa Fundi wakaja kujitambulisha, mjomba wake ambaye ni mtunza stoo, na shangazi yake ambaye ni mnyamavu, wakakaa sebuleni kwenye makochi niliyoyafulia vitambaa, na hapo hapo gesi ikaniishia, birika halijaanza hata kuguna, ikabidi nitoke uani niwashe mkaa, na mkaa wenyewe ulikuwa umelowa, nikawa napepea huku nimevaa nguo za kupokelea wageni.

Dirisha la sebule lilikuwa wazi kwa hiyo nilisikia kila kitu, au niseme nilisikia kila kimya, maana mume wangu akishika wembe huongea kama ile redio yake, lakini ukimkalisha kwenye kochi bila kazi huwa kama mteja anayesubiri zamu. Nikamsikia mjomba akisifu pazia. Mume wangu akashukuru. Nikapepea mkaa. Nikamsikia mjomba akisifu pazia tena, lile lile, na mume wangu akashukuru tena. Halafu mjomba akakohoa, akasema, "Na jina la binti yetu huyu, shemeji, maana yake nini hasa?"

Mume wangu hakumeza hata mate. "Malkia," akasema.

"Kwa lugha ya wapi?"

"Ya watu wa kale. Huko."

"Huko wapi?"

"Huko huko kwao."

"Kumbe," mjomba akasema. "Malkia." Na yule shangazi, neno lake la kwanza tangu aingie, akasema, "Malkia, eti."

Hilo la malkia, mshauri, ni la siku nyingi. Aliambiwa na mteja mmoja binti yetu akiwa bado anatambaa, mteja mwenyewe alikuwa amefunikwa taulo la moto usoni, jina la mtoto likatajwa, na sauti ikatoka ndani ya taulo ikasema hilo ni jina la kimalkia. Mume wangu hakutaka ushahidi mwingine. Miaka yote hiyo kila anayekaa kwenye kile kiti ameambiwa kwamba binti wa kinyozi ni malkia. Mimi sikumpinga kwa sababu jina nililichagua mimi, na sikulichagua kwa maana yake. Nililichukua kwa nesi aliyekuwa wodini siku ninajifungua, zamu yake ilikwisha, wenzake wakabadilisha nguo wakaenda zao, yeye akavuta kiti akanishika mkono akasema hatoki mpaka mtoto alie. Mtoto alipolia akachukua pochi yake akaenda, sikumwona tena. Mume wangu hajawahi kuniuliza na mimi sikuwahi kumweleza, alikuwa na malkia wake na alikuwa na raha.

Basi wageni wakaondoka vizuri, chai ilikuja, maandazi yakaliwa, tukakubaliana watarudi kupanga siku ya harusi. Mume wangu akaja jikoni kifua mbele, akasema mjomba akirudi atataka kujua huko ni wapi, na yeye hataki kuonekana baba asiyejua kwao jina la mwanawe. Kesho yake akaenda kwa muuza vitabu vya mitumba akanunua kitabu cha maana za majina ya watu wa dunia nzima, ambacho hakikuwa na jalada, kwa hiyo chenyewe hakina jina. Akakaa nacho sebuleni, kitabu paja hili, simu paja lile. Alianza akiwa anapiga mluzi. Baadaye mluzi ukaisha. Nikapita na kikapu cha nguo nikamwuliza, "Umeipata hiyo nchi ya malkia?" Akaniambia, "Kitabu hiki kina majina mengi sana," akainuka akaongeza sauti ya redio.

Na tangu hapo, mshauri, hatujapumua.

Alianza na wateja. Kuna mpakia magunia mmoja, mtu mwenye mwili kama kabati, akikaa kwenye kiti kinalia, amenyolewa hapo tangu ndevu zilipoota. Mume wangu kamfunga shuka shingoni, kampaka povu, kamaliza shavu moja, halafu wembe ukiwa umefika kooni akamwambia, "Unajua kwamba jina lako kwa wenyewe waliolianzisha maana yake ni mdogo?" Yule baba akamwangalia kwenye kioo. "Mdogo nani?" "Wewe." Alisimama na shuka lake, akaondoka na ndevu upande mmoja, na shuka hatujalipata mpaka leo.

Akaja jirani yetu mshonaji kumleta mjukuu anyolewe, akaambiwa jina lake asili yake ni mtoto aliyezaliwa kabla ya wakati. Yule mama akaweka mkoba chini. "Mimi? Mama yangu alinibeba mpaka mwezi wa kumi, mkunga akamwambia huyu amehamia. Kabla ya wakati gani huo unaoujua wewe na mama yangu haujui?" Mume wangu akamwambia asikasirike, hayo ni mambo ya elimu. Sasa mjukuu ananyolewa kwa mwingine, na gauni nililompelekea mama huyo linanisubiri bila mikono.

Nyumbani ndiyo usiseme. Ameniambia jina langu, kama wanavyosema baadhi ya wataalamu, maana yake ni uchungu. Tulikuwa mezani. Nikamwuliza, "Kwa hiyo?" Akasema, "Hakuna, sasa naelewa," akaendelea kula. La kwake ni jiwe. Alilitangaza kwa fahari, akazunguka nalo nyumba nzima, mimi ni jiwe, mimi ni jiwe, jambo ambalo mimi nililijua kabla kitabu hakijachapwa. Debora ni nyuki, Raheli ni kondoo jike, Yona ni njiwa, ukikaa naye kidogo unadhani umeolewa na zizi. Binti yangu alimwuliza siku moja kwa utani, "Baba, na malkia ni wa nchi gani?" Akamjibu, "Hilo tulishamaliza," akatoka nje kuangalia mvua, na mvua haikuwapo.

Halafu akafika kwa Fundi. Jina la Fundi, mshauri, limo hata kwenye vitabu vya dini, mtaa wetu peke yake unao watatu au wanne. Mume wangu akatuita mezani kama anasoma hukumu, akasema amegundua kwamba asili yake ni mtu anayeshika kisigino cha mwenziwe. "Kisigino," akasema. "Anayekushika kisigino anataka uanguke. Sasa niambieni, atashika kisigino cha nani? Changu." Binti yangu akamwambia, "Baba, huyu hashiki visigino, anashika friji." Baba yake akasema yeye hana neno na kijana, ana neno na jina, na hawezi kumtoa mtoto wake kwa jina kama hilo, na wakubwa wa Fundi wakija Jumamosi kupanga siku atawaambia asante, basi, kila mtu ashike njia yake.

Nilidhani atapoa. Badala yake alimwita Fundi dukani, akamkalisha kwenye kiti cha watoto, akamwambia afikirie kubadili jina. Fundi ni mtu mpole. Akasema, "Baba, jina nilipewa nikiwa nimelala." Mume wangu akamwambia sasa umeamka. Fundi akasema, "Nimeamka, lakini mama aliyenipa hajabadilika." Akaaga kwa heshima, akamwinamia hata mteja, akaenda, na binti yangu akakunja taulo zake, akafungia mashine yake ya kunyolea sandukuni, akamwambia baba yake kwa sauti ya chini ambayo sikuwahi kuisikia kwake, "Baba, mimi nitakwenda kwa Fundi. Kwa baraka zako au kwa mguu wangu, wewe chagua." Kiti cha pili kitupu mpaka leo. Anakaa chumbani na sanduku lake. Mume wangu anapita mlangoni kwake, anasimama, anakohoa, anaendelea.

Mshauri, Jumamosi hiyo inakuja. Wale watu watakaa kwenye makochi yangu na mume wangu atawaambia habari za visigino. Nimejaribu kwa maneno matamu, nimejaribu kwa kununa, nimekificha kitabu kwenye pipa la unga na akakipata akatoka nacho mweupe kama mwokaji. Sielewi kimemwingia nini mtu ambaye miaka yote alikuwa na maana ya jina moja tu kichwani na ilimtosha. Nakuwekea hapa majina yetu sote kwa ukamilifu, uone mwenyewe kama kuna lililolaaniwa. Niambie nifanye nini. Nikimtetea Fundi nampoteza mume, nikimtetea mume nampoteza binti, na nikinyamaza nabaki na jiwe na paka.

Mke wa Kinyozi


MSHAURI ANAJIBU

Mke wa Kinyozi, pole. Nakupa pole ya nyumba, ya duka, ya gauni lisilo na mikono, na ya shuka. Paka simpi, naona yeye amelipokea vizuri kuliko ninyi wote.

Majina yenu nimeyatoa kabla ya barua kuchapwa, maana mtaa wenu unaonekana una watu wa kutosha waliokasirika. Lakini kabla ya kuyatoa niliyasoma, na mimi sina chuo nilichosomea haya mambo. Chuo changu ni barua zenu. Nimesoma nyingi sana, na kitu kimoja nimekiona: mtu anaposimulia kila kitu kwa kirefu, tafuta kile ambacho kimekosekana. Wewe umeniambia maana ya jina la mpakia magunia. Umeniambia la mshonaji, la kwako, la mumeo, la Fundi, na la paka. La binti yako hukuniambia. Hukuniambia kwa sababu hujui, na hujui kwa sababu mwanamume anayemfumbulia kila mtu maana ya jina lake hata kama hakuulizwa, akiulizwa hilo moja anaongeza sauti ya redio au anakwenda kuangalia mvua isiyokuwapo. Na wewe umekaa hapo, umeyaona yote mawili, umeyaandika kwa mkono wako mwenyewe, halafu unaniuliza kimemwingia nini. Mama, ulikuwa umebakiza kufungua macho tu.

Nimelitafuta mimi. Halikunipa tabu, kila kitabu kinasema lile lile. Jina la binti yako, kwa wale wa kale waliolianzisha, linatokana na neno lenye maana ya kiwete, mtu anayechechemea.

Kaa kidogo, kunywa maji, halafu tuendelee.

Hilo ndilo mumeo alilolikuta siku mluzi ulipoisha. Alikwenda kutafuta nchi ya malkia wake ili mjomba akirudi ampe jibu la kiume, akakuta fimbo ya kutembelea. Na alikwisha sema malkia mbele ya wageni, hakusema labda, hakusema nasikia, alisema kama mtu aliyekuwapo. Na kabla ya wageni alikuwa amewaambia akina baba wote waliowahi kukaa kwenye kile kiti. Sasa ana hofu kwamba mjomba naye ana simu. Anamwona mjomba kwenye stoo yake akibofya, akicheka, akimwita shangazi aje aone. Kwa hiyo afadhali posa ivunjike kwa kosa la jina lao kuliko wao waje wamcheke kwa jina lenu. Kisigino ni kisingizio. Angekosa kisigino angepata pua. Kila jina alilolivua nguo mtaani, la mpakia magunia, la mama wa watu, la kwako mezani, alilivua ili la binti yake lisiwe peke yake uchi.

Ni upumbavu, naam, tena upumbavu wenye madhara, kwa sababu kuna msichana amekaa na sanduku. Lakini si chuki. Mtu anayesimama mlangoni kwa mwanawe akakohoa akaondoka hana chuki, ana neno limemkwama kooni.

Sasa nikukaripie wewe, usidhani umepona. Umekaa na habari ya yule nesi miaka yote hiyo, umempa mumeo nafasi ya kuijaza na taulo la moto. Unasema alikuwa na raha. Alikuwa na raha ya kukopa kwa mteja asiyeonekana sura, wakati wewe ulikuwa na kitu cha kweli kabatini. Sikulaumu kwa kunyamaza, wengi tunanyamaza ili watu wafurahi, lakini sasa kunyamaza kwako kumekwisha kazi.

Na hilo la maana, niliseme mara moja nisilirudie. Kiwete si tusi. Ninao jamaa wanaotembea kwa fimbo, na wanafika kazini kabla yangu. Umeniorodheshea majina ya mtaa wenu na hukuona ulichokuwa unaonyesha: aliyeitwa mdogo anavunja viti, aliyeitwa kabla ya wakati alichelewa tumboni, na wewe uliyeitwa uchungu umenichekesha tangu paka mpaka mwisho. Mimi hapa jirani yangu ni fundi baiskeli, wazazi wake walimpa jina ambalo kwa Kiswahili cha kawaida, bila kitabu chochote, ni shida. Hakuna anayecheka kama yeye mtaani. Akiitwa kutoka mbali watu wasiomjua wanageuka wakidhani kuna ajali, anakuja yeye na pampu yake, anacheka. Jina likishakaa kwa mtu linafanya kazi ya huyo mtu. Lile la Fundi limebebwa na wezi na wachungaji, na walinzi wa usiku, na wanaume waliolea watoto wasio wao, na vitabu vyote haviwezi kumwambia mumeo huyu wa kwenu ni yupi kati ya hao. Friji inaweza.

Kuna jambo lingine nililolikuta huko huko, nalo ni kweli: lile jina la binti yako lilikuwa la ukoo mzima, na ukoo huo ulitoa watawala waliotetemesha nusu ya dunia ya wakati wao. Kwa hiyo yule bwana wa taulo hakukosea kabisa. Lakini hili nakupa wewe tu. Usimwambie mumeo kabla ya harusi. Ukimwambia sasa atalibandika juu ya mlango wa duka, na tutarudi pale pale.

Fanya hivi.

Leo hii akifunga duka, nenda. Usimsubiri nyumbani, nyumbani kuna redio nyingine, na ile ya dukani izime wewe. Mkalishe kwenye kiti chake mwenyewe, mfunge shuka lililobaki, mpake povu. Atashangaa, mwache ashangae. Umeniambia mwenyewe kwamba bila kazi mkononi yeye hunyamaza, basi mpe zamu ya kunyamaza. Halafu mwambie unajua maana yake. Mwambie kwa neno lenyewe, kiwete, usilizunguke, maana amelizunguka yeye mpaka amechoka. Akitaka kusimama mkumbushe povu.

Kisha mwambie habari ya nesi. Yote, kiti alichovuta, mkono, pochi. Mwambie kwamba binti yake alipewa jina la mtu ambaye zamu yake ilikwisha na hakuondoka. Huo ndio ukoo wa jina hilo katika nyumba yenu na hauhitaji kitabu. Mjomba akiuliza tena, ajibu hivyo. Ni jibu zuri kuliko malkia, na tofauti na malkia, hakuna simu inayoweza kulikanusha.

Akishamaliza kulia, na usiniambie mawe hayalii, aende kwenye ule mlango. Safari hii asikohoe, agonge. Hana haja ya hotuba. Aseme, mwanangu, kiti chako kina vumbi. Binti wa kinyozi ataelewa. Baada ya hapo amtafute Fundi amwombe radhi, amwite mwanangu, asimwite kwa jina wala kwa kisigino. Mshonaji na mpakia magunia watakuja wenyewe wakisikia kitabu kimefungwa, ila yule wa magunia mumeo ammalizie shavu la pili bure, na asimwulize shuka. Kitabu chenyewe kirudishe kwa muuza mitumba. Paka mrudishieni jina lake. Mamlaka yake hayajawahi kumdhuru mtu, hata panya.

Akikataa haya yote, kwa sababu jiwe ni jiwe, basi Jumamosi wapokee wageni wewe, kaa kwenye kochi la mbele, na siku ya harusi itaje wewe. Jina la mtoto ulilitoa wewe peke yako na limekaa vizuri. Na hili utaliweza. Binti yako anakwenda kwa mtu mpole anayejua kazi yake. Sijaona katika barua yako yote sababu moja ya kumzuia.

La mwisho ni la jikoni. Jumamosi hakikisha gesi ipo, na mkaa mkavu uwe karibu hata kama gesi ipo. Mumeo amekimbiza nusu ya mtaa kwa kuamini kwamba mjomba alikuja kuchunguza asili yenu. Soma tena barua yako. Mjomba alisifu pazia. Akasubiri. Akasifu pazia lile lile. Akakohoa, ndipo akauliza jina. Hakuwa anachunguza kitu. Chai ilikuwa imechelewa.